Saladi ya pweza na viazi ya Kiitaliano: maji mengi, maji yake mwenyewe, au sufuria ya presha?

Mwanajiko_Tanga (mwanzilishi wa mada)

Ndugu wanajukwaa, ninaomba tulinganishe kwa utulivu njia za kupika ile saladi ya Waitaliano ya pweza na viazi, ambayo huliwa ikiwa vuguvugu au ikiwa imepoa, na ambayo utaikuta kuanzia Liguria kaskazini hadi Napoli, Puglia na Sicilia. Viungo vyake ni vichache: pweza aliyechemshwa na kukatwa vipande, viazi vilivyochemshwa, mafuta ya zeituni, maji ya limau, kotimiri (ile iitwayo parsley), kitunguu saumu kidogo, chumvi na pilipili manga. Humo hamna tui wala bizari ya kuficha kasoro, kwa hiyo pweza akiwa mgumu kila aliyeketi mezani atajua, na viazi vikipondeka sahani nzima itageuka rojo.

Njia ninazozilinganisha ni tatu. Ya kwanza ni kumchemsha pweza katika sufuria kubwa yenye maji tele, moto ukiwa mdogo, kwa dakika 40 hadi 50 ikiwa ana uzito wa kilo 1, kisha kumwacha apoe humo humo. Ya pili, inayosifiwa sana Napoli, ni kumweka katika chungu au sufuria nzito bila kuongeza maji, kuifunika barabara, na kumwacha aive kwa maji anayoyatoa mwenyewe. Ya tatu ni sufuria ya presha, ambayo humaliza kazi kwa dakika 15 hadi 20 tangu ianze kupiga filimbi.

Kigezo changu ni hiki: katika mchuzi haidhuru ngozi ikibanduka, lakini katika saladi tunataka nyama iwe laini huku ngozi ikibaki mahali pake pamoja na rangi yake ya zambarau. Kwa kigezo hicho ninaiona njia ya kwanza kuwa ya salama, ya pili kuwa ya ladha, na ya tatu kuwa ya haraka. Ningependa kusikia kutoka kwa waliozoea kama ladha ya njia ya pili inatosha kufidia wasiwasi wake, kwa kuwa sufuria kavu juu ya moto haimpi mpishi nafasi ya kwenda kufanya jambo jingine. Ninaomba pia maoni juu ya viazi, kama vichemshwe kando au katika maji ya pweza, na juu ya pweza wetu wa pwani hii, kama kuna haja ya kumgandisha wakati tayari amepigwapigwa ili alainike.

Bahari_ya_Liguria

Salamu kutoka Genova, ndugu Mwanajiko. Nitaanzia mwisho wa maswali yako, kwa sababu jambo la kugandisha ndilo linaloamua mengi kuliko uchaguzi wa sufuria.

Wauza samaki wa huku, hata yule anayekuuzia pweza aliyevuliwa alfajiri, watakushauri umtie kwenye friza siku mbili kabla ya kumpika. Maji yaliyomo ndani ya nyama yakiganda hufanya chembe za barafu zenye ncha, nazo hukata nyuzi za nyama kutoka ndani, kazi ambayo zamani wavuvi waliifanya kwa kumpigapiga pweza juu ya mawe ya ufukweni. Bari, huko Puglia, bado wapo wanaompiga na kumviringisha katika beseni hadi minyiri, yaani mikono yake, ijikunje, kisha wakamla mbichi. Hiyo ni habari nyingine na sitaiingiza katika saladi. Unapomtoa kwenye friza, mwache ayeyuke polepole ndani ya jokofu kwa siku nzima, usimtie katika maji ya moto.

Wala usidhani kwamba kila pweza anayeliwa Italia ametoka Mediterania. Sheria za Ulaya hulazimisha lebo ya samaki ionyeshe eneo alikovuliwa, na ukisoma lebo za pweza waliogandishwa utaona namba 37 kwa Mediterania, 34 kwa pwani za Moroko na Mauritania, na 51 kwa Bahari ya Hindi ya magharibi, ambayo ndiyo bahari yenu. Pweza wa Tanzania huletwa huku akiwa amegandishwa, hivyo huenda saladi ninayokula Genova imetokana na mwamba ulio karibu na kwako kuliko na kwangu.

Kuhusu mitindo ya mikoa, Liguria huongeza zeituni ndogo nyeusi za Taggia na mara nyingine mbegu za msonobari. Napoli hupenda seleri iliyokatwa nyembamba na zeituni za Gaeta. Sicilia hutia kaperi, vile vitumba vya maua vilivyohifadhiwa kwa chumvi, ambavyo vya kisiwa cha Pantelleria ndivyo vinavyosifika zaidi. Mimi siongezi vyote kwa pamoja, kwa sababu zeituni na kaperi zikikutana ladha ya pweza husahaulika. (Hapa Liguria kuna kijiji kiitwacho Tellaro ambako wanasimulia kwamba pweza mmoja mkubwa alipanda mnara wa kanisa akavuta kamba ya kengele, wanakijiji wakaamka wakawafukuza maharamia. Shukrani yao ni kumla pweza kwa sherehe kila mwezi wa Agosti.)

Kwa sufuria, ninachagua njia yako ya kwanza. Kuna watu wanaotumbukiza kizibo cha chupa ya mvinyo ndani ya maji wakiamini kwamba hulainisha nyama. Hakisaidii lolote, na nadhani kilidumu jikoni kwa sababu tu wauzaji walikuwa wakifunga pweza na vizibo kwa uzi ili waweze kuwavua haraka kutoka kwenye pipa. Desturi ya kuchovya minyiri mara tatu kabla ya kumwachia pweza sufuriani ina faida, lakini ni ya macho: ncha hujikunja vizuri.

BiKirembo

Wanangu, mnaizungumzia njia ya pili kana kwamba imezaliwa Napoli. Hapa Unguja mwanamke akirudi na pweza kutoka pwani humsafisha, humtia sufuriani bila maji, hufunika, na pweza hujichemsha kwa maji yake hadi yakaribie kukauka. Ndipo tui linapofuata. Wasiwasi wa sufuria kuungua ni wa anayewasha moto mkubwa tangu mwanzo. Anza na moto mdogo kabisa, na baada ya dakika chache utafunua ukute maji yamefika nusu ya pweza.

Juu ya kumpiga, ndugu wa Genova amesema kweli kuhusu barafu, lakini pweza aliyepigwa sawasawa akiwa bado wa siku hiyo hahitaji friza. Shida ni kwamba siku hizi wengi hupigwa mara chache tu ili wafike mnadani mapema. Bonyeza mnyiri karibu na kichwa: ukihisi bado unarudisha kidole kwa nguvu, mtie kwenye friza na usibishane naye.

Kabla ya yote msugue kwa chumvi ya mawe ili utelezi utoke, hasa ndani ya vile vikombe vinavyonata, kwa sababu mchanga hujificha humo na hautoki kwa kumwagiwa maji tu. Geuza kichwa ndani nje, toa matumbo na kifuko cha wino, toa macho, na usukume ule mdomo mgumu ulio katikati ya minyiri mpaka uchomoke. Ukishamsuuza, usitie chumvi nyingine. Pweza huja na chumvi yake.

Na mchague wa kilo 1 hadi kilo 1 na nusu. Kanuni za uvuvi za Tanzania Bara zinakataza pweza aliye chini ya gramu 500, na hata bila kanuni hiyo mdogo hivyo akishaiva habaki kitu. Huko Kisiwa Panza, Pemba, wanakijiji wamewahi kuufunga mwamba kwa miezi kadhaa ili pweza wakue, na siku ya kuufungua wakati wa bamvua ndipo unapowaona wale wanaofaa kwa sahani ya namna hii.

Mla_Kimya

Shikamoo Bi Kirembo. Ninauliza kwa kifupi: je, papai bichi halifai? Nyumbani kwetu nyama ngumu yoyote hupakwa papai bichi, na sioni kwa nini pweza asilainike vivyo hivyo bila friza wala presha.

BiKirembo

Marahaba mwanangu. Kwa mshikaki wa ng'ombe, sawa. Kwa saladi hii, mwachie fundi akueleze.

Fundi_Jiko

Ninapika katika hoteli ya kitalii pwani ya kusini ya Kenya, na saladi hii haikosekani katika orodha yetu, kwa hiyo nitajibu la papai kisha nirudi kwenye ulinganisho.

Papai bichi lina kimeng'enya kinachovunjavunja protini, lakini kazi yake hufanyika pale linapogusa. Pweza ana ngozi nyembamba na minyiri yenye ncha ndogo. Papai litaila ngozi na ncha hizo kabla halijafika kwenye mzizi wa mnyiri, ambako ndiko kwenye ugumu. Utapata pweza aliye tepetepe nje na mgumu ndani, na rangi nzuri imeondoka.

Ugumu wa pweza hutokana na kolajeni, protini inayoshikilia nyama pamoja, ambayo anayo kwa wingi kuliko samaki wa kawaida. Joto likianza kupanda, kolajeni hujikunja na kuikamua nyama, ndiyo maana pweza wa kilo 1 akiiva hubaki karibu nusu kilo. Likiendelea kwa muda, kolajeni hiyo hiyo huyeyuka ikawa jelatini, na hapo ndipo ulaini unapopatikana. Kinachohitajika kwa hiyo ni muda katika joto la kadiri, kama nyuzijoto 85 hadi 95, ambalo kwa asiye na kipimajoto ni maji yanayotoa mapovu machache pembeni bila kuruka. Maji yakichemka kwa fujo, minyiri hugongana, ngozi hupasuka na vikombe hudondoka, ilhali ndani bado hapajaiva. Baadhi ya wapishi humfunga pweza katika mfuko usiopitisha hewa wakamwacha katika maji ya nyuzijoto 77 kwa saa 5, na matokeo yake ni mazuri sana, ila kwa nyumba ya kawaida sioni sababu ya kununua mashine kwa ajili ya sahani moja.

Sasa nizilinganishe njia zenyewe. Sufuria ya presha hupandisha joto kupita nyuzijoto 100, hivyo kolajeni huyeyuka haraka; lakini huwezi kufunua ukampima kwa uma, na tofauti ya dakika 3 inatosha kumtoa pweza kutoka ulaini hadi kubanduka ngozi. Ninaikubali pale mtu anapotaka pweza wa kukatwa vipande vidogo sana, na kwa sharti kwamba presha iachwe ishuke yenyewe. Maji tele yana faida ya uvumilivu: ukichelewa dakika 10 hakuna kitakachoharibika, na unaweza kumpima kila mara kwa kuchoma uma pale mnyiri unapoungana na kichwa, ukiingia kwa urahisi, zima moto. Hasara yake ni kwamba sehemu kubwa ya ladha hubaki katika maji utakayoyamwaga.

Njia ya maji yake mwenyewe huihifadhi ladha hiyo yote, na hapa ndipo ninapotofautiana na ndugu wa Genova. Pweza akishaiva, mtoe, kisha yapunguze yale maji kwa moto hadi yabaki vijiko 3 au 4, mazito na ya rangi ya zambarau iliyoiva, uyachanganye na mafuta ya zeituni na maji ya limau. Mchanganyiko huo hushikana kwa sababu ya jelatini, ukavipaka viazi badala ya kuchuruzika hadi chini ya bakuli. Onja kabla ya kutia chumvi, kwa kuwa mara nyingi hutahitaji hata chembe. Hakuna njia nyingine kati ya hizi tatu inayokupa kitu hicho, na ndiyo maana ninaiweka juu ya nyingine licha ya usumbufu wake.

Bahari_ya_Liguria

Ninakubali hoja ya mchuzi uliopunguzwa, ila niongeze tahadhari moja. Kwa pweza aliyegandishwa kiwandani, maji hayo wakati mwingine huwa na chumvi kupita kiasi, na ukiyapunguza utakuwa umetengeneza maji ya chumvi ya zambarau. Yaonje kwanza yakiwa bado mengi. Yakiwa ya chumvi kali, tumia kijiko kimoja tu na uyaache mengine.

Wanapoli wenyewe wana msemo kwamba pweza huiva kwa maji yake, na huutumia pia kwa mtu mkaidi anayepaswa kuachwa hadi akubali mwenyewe, kwa hiyo sitabishana zaidi.

Mkulima_Nyandarua

Mmejadili pweza hadi viazi vimesahaulika, ilhali uzito wake katika bakuli ni sawasawa na wa pweza. Waitaliano huchagua viazi vya nyama ya njano ambavyo havina unga mwingi, navyo hubaki na kona zake baada ya kukatwa. Kwetu Kenya sokoni kumejaa aina ya kiazi iitwayo Shangi, ambayo huiva haraka sana na ni nzuri kwa kuponda na kwa chipsi, lakini ukiichemsha ikiwa imemenywa na kukatwa itapasuka kabla hujageuka. Wa Tanga watapata vya Lushoto, na wa Dar es Salaam vya Njombe au Mbeya. Muulize muuzaji ni vipi visivyovurugika kwenye mchuzi, naye atajua mara moja.

Ukikosa kabisa na ukabaki na vya unga, fanya hivi: chagua vinavyolingana ukubwa, vichemshe vikiwa vizima na maganda yake, ukianzia maji baridi yenye chumvi na kijiko kimoja cha siki. Ukali wa siki huzuia kuta za kiazi zisiyeyuke haraka, hivyo kiazi huiva kikiwa kimeshikana. Menya vikiwa vya moto, kwa kitambaa mkononi, ukate vipande vya ukubwa wa vile vya pweza, na uvimwagie nusu ya mafuta na limau hapo hapo. Kiazi cha moto hunywa kiungo, na kilichopoa hukiacha juu.

Kuvichemsha katika maji ya pweza kunawezekana, na najua wapo wanaofanya hivyo, lakini viazi hutoka na rangi ya kijivu na zambarau isiyovutia, na huwezi kuyatumia tena maji hayo kwa kile alichoeleza Fundi kwa sababu yamejaa wanga. Mimi nachemsha kando.

Mla_Kimya

Na limau je? Hapa nilipo ndimu ndizo tele, limau ni za kutafuta.

Bahari_ya_Liguria

Ndimu inafaa, ila ina ukali zaidi na harufu yake hutawala, kwa hiyo anza na nusu ya kiasi. Kwa pweza wa kilo 1.2 na viazi gramu 600, ambavyo vitatosha watu 4, mimi hutumia limau 1, mafuta vijiko 5 vya chakula na punje 1 ya kitunguu saumu, ambayo huiponda, huiacha katika mafuta kwa nusu saa, kisha huitoa, kwa sababu kitunguu kibichi kilichokatwakatwa humfuata mlaji hadi kesho yake. Kotimiri iwe ya majani mapana, si giligilani, na itiwe mwisho kabisa, kwa kuwa ikikaa ndani ya limau hupoteza ukijani wake. Wengine hutumia siki ya mvinyo mweupe badala ya limau, hasa wanapotia seleri. Ni halali, lakini saladi hiyo ninaiona kavu kidogo mdomoni.

Mwanajiko_Tanga (mwanzilishi wa mada)

Ninawashukuru nyote, na Bi Kirembo hasa. Nimeamua hivi: pweza wa kilo 1 na robo, friza siku mbili kwa kuwa sina hakika alivyopigwa, kisha njia ya pili katika sufuria nzito, maji yake yapunguzwe baada ya kuonjwa, viazi vya Lushoto kando, na maganda yake. Sufuria ya presha nimeiondoa katika hesabu, maana kama siwezi kumpima kwa uma sioni ninachoharakisha. Nimebakiwa na jambo moja: wageni wanakuja mchana wa Jumapili nami ninatoka ibadani saa 5, hivyo ningependa kujua ni kipi kinaweza kufanyika Jumamosi usiku.

Fundi_Jiko

Pweza apikwe Jumamosi, viazi Jumapili. Akishaiva mwache apoe, kisha mhifadhi jokofuni akiwa ndani ya maji yake, mzima, kwa sababu vipande vilivyokatwa hukauka kwenye kingo. Asubuhi utayakuta maji yameganda, na hiyo ni jelatini, usiogope wala usiyatupe. Pasha moto kidogo sufuria yote hadi yayeyuke, mtoe pweza, ndipo uyapunguze. Viazi visilale jokofuni, kwa kuwa wanga wake hukakamaa na ladha yake haiwi tena ile ya kiazi kilichotoka sufuriani. Ukianza kuvichemsha saa 5 na nusu, saa 6 na nusu utakuwa unachanganya.

Kichanganye kila kitu viazi vikiwa bado na joto, ukiacha sehemu ya mafuta ya kumalizia mezani. Kwa joto la Tanga, bakuli lisikae nje zaidi ya saa 2.

BiKirembo

Na kichwa usikitupe, mwanangu. Kikate nyuzi nyembamba ukichanganye humo humo, maana hicho huiva mapema na ni laini kuliko minyiri. Ukiona wageni wanakiogopa, kiweke kando kwa ajili ya mpishi.